Ndege katika mapigano ya delta ya Rufiji (1914–1915)

Ndege katika mapigano ya delta ya Rufiji zilikuwa eropleni chache za Jeshi la Majini la Uingereza zilizotumika wakati wa Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia kuitafuta manowari ya Ujerumani SMS Königsberg na kusaidia kuiangamiza. Manowari hiyo ilikuwa imejificha kati ya mikoko ya delta ya mto Rufiji, katika Tanzania ya leo. Kazi hiyo ilianza Novemba 1914 na kufikia kilele chake tarehe 11 Julai 1915.

Ndege hizo hazikuizamisha Königsberg kwa mabomu. Zilikuwa macho ya mizinga: wapiga mizinga wa Uingereza hawakuweza kuiona shabaha yao, na mtu aliyekuwa angani aliwaambia makombora yao yameangukia wapi. Mapigano ya Rufiji ni miongoni mwa mifano ya mapema ya vita vya majini vilivyoamuliwa kwa njia hiyo.

Mahali

Delta ya Rufiji iko kwenye Mkoa wa Pwani, mkabala na kisiwa cha Mafia. Kabla ya kufika Bahari Hindi mto unagawanyika kuwa mikono mingi, miongoni mwake Simba Uranga, Kikunja na Kiomboni. Kati ya mikono hiyo kuna visiwa vya matope vilivyofunikwa na mikoko, mikandaa na michu. Msitu huu ni mojawapo ya misitu mikubwa ya mikoko katika Afrika ya Mashariki, na tangu mwaka 2004 umo katika eneo la ardhi oevu la Rufiji-Mafia-Kilwa linalotambuliwa na Mkataba wa Ramsar.

Siku hizi sehemu kubwa ya delta iko katika Wilaya ya Kibiti. Nyamisati ni kijiji cha bandari upande wa kaskazini, ambako abiria hupanda vyombo vya kwenda Kilindoni, Mafia. Anayesafiri kwa njia hiyo hupita kati ya pande mbili za historia hii: nyuma yake ni delta ambako manowari ilifichwa, na mbele yake ni kisiwa ambako ndege zilirukia.

Mambo mawili ya mahali hapa yaliongoza mapigano yote. La kwanza ni kina cha maji. Maji hujaa na kupwa kila siku, na meli nzito haiwezi kuingia ndani bila kukwama kwenye mchanga. La pili ni miti. Anayesimama kwenye sitaha ya meli iliyo mdomoni mwa mto haoni chochote zaidi ya ukuta wa majani.

Usuli

SMS Königsberg iliwasili Dar es Salaam Juni 1914 ikiongozwa na nahodha Max Looff. Ilikuwa na mizinga 10 ya milimita 105. Vita vilipokaribia iliondoka bandarini, na mwezi Agosti ikaikamata meli ya mizigo ya Uingereza City of Winchester karibu na pwani ya Omani. Tarehe 20 Septemba 1914 iliishambulia manowari HMS Pegasus iliyokuwa ikitengenezwa injini bandarini Zanzibar na kuizamisha. Zaidi ya mabaharia 30 wa Uingereza walikufa; wengi wao wamezikwa kwenye kisiwa kidogo cha Chapwani karibu na mji wa Zanzibar.

Baada ya hapo injini ya Königsberg yenyewe iliharibika. Looff aliipeleka ndani ya delta, na vipuri vyake vikavutwa nchi kavu hadi Dar es Salaam ili vitengenezwe katika karakana za huko, kisha vikarudishwa. Kazi hiyo nzito ilifanywa na vibarua wengi Waafrika, ambao majina yao hayakuandikwa katika taarifa za vita.

Mwishoni mwa Oktoba 1914 manowari HMS Chatham iligundua kwamba adui alikuwa eneo la Salale. Waingereza wakafunga milango ya mto, na Novemba wakaizamisha meli ya makaa Newbridge katika mkono mmoja ili kuziba njia. Lakini Königsberg ilisogea juu zaidi mtoni, mbali na mizinga yao, na hakuna aliyejua kwa hakika ilikuwa nyuma ya kisiwa kipi. Ndipo ilipoonekana haja ya kutafuta kutoka angani.

Ndege ya kwanza

Wakati huo ndege zilikuwa chombo kipya. Ndugu Wright walikuwa wameruka kwa mara ya kwanza mwaka 1903 tu. Jeshi la Majini lilimwajiri Dennis Cutler, rubani wa kiraia aliyekuwa Durban, Afrika Kusini, pamoja na ndege yake aina ya Curtiss. Ilikuwa ndege ya majini ambayo mwili wake umeundwa kama mashua, ili iweze kuruka na kutua juu ya maji. Ilisafirishwa kwa meli Kinfauns Castle hadi kisiwa kidogo cha Niororo, karibu na Mafia.

Katika majaribio ya kwanza, Novemba 1914, Cutler alipotea njia na rejeta ya injini yake iliharibika. Rejeta ya gari aina ya Ford ilitafutwa Mombasa na kufungwa kwenye ndege. Katika safari zilizofuata alifaulu kuiona Königsberg na kuthibitisha mahali pake. Mwezi Desemba injini ilimfia angani, akalazimika kutua mtoni na kukamatwa na Wajerumani. Wenzake walifaulu kuivuta ndege na kuitoa deltani, lakini sasa hawakuwa na rubani.

Joto, gundi na plaiwudi

Februari 1915 zilifika ndege mbili za majini aina ya Sopwith chini ya rubani John Cull. Ndege hizi zilitengenezwa kwa mbao nyembamba, plaiwudi na kitambaa, na viungo vyake vilishikwa kwa gundi. Katika joto na unyevu wa pwani gundi ililainika, mbao zikajikunja na mapangaboi yakapasuka.

Tatizo lingine lilikuwa hewa yenyewe. Hewa ya joto ni nyepesi kuliko hewa baridi, kwa hiyo mabawa hupata nguvu ndogo ya kuinua ndege, na injini nayo hupungukiwa nguvu. Ndege iliyoweza kubeba watu wawili na mabomu huko Ulaya ilishindwa kutoka majini ikiwa na mzigo huohuo hapa.

Ndege aina ya Short zilizofuata zilikuwa na nafuu kidogo. Mwezi Aprili 1915 Cull alipita juu ya Königsberg na picha zikapigwa. Lakini ndege hizi pia hazikuweza kupanda juu sana, hivyo zilikuwa shabaha rahisi kwa bunduki na mizinga. Wajerumani hawakuwa na ndege ya kupambana nazo juu ya delta. Ulinzi wao ulikuwa kufyatua risasi kutoka mtoni na kutoka kati ya miti.

Kituo cha Mafia

Waingereza walikuwa wameteka kisiwa cha Mafia Januari 1915. Hapo waliandaa kiwanja cha ndege, na mwezi Juni zikaletwa ndege mbili aina ya Henri Farman na mbili aina ya Caudron. Hizi zilikuwa na magurudumu badala ya maboya ya kuelea, hivyo zilikuwa nyepesi kuruka kuliko zile za majini. Hatari yake ilikuwa wazi: injini ikizimika juu ya bahari au juu ya mikoko, hapakuwa na mahali pa kutua.

Mwezi huohuo zilifika meli mbili za pekee, HMS Severn na HMS Mersey, ambazo zilivutwa kutoka Malta. Zilikuwa za aina iitwayo monita: meli pana na fupi kwa kimo, zenye mizinga mikubwa lakini zinazohitaji maji ya kina cha chini ya mita 2. Zilikuwa zimejengwa kwa ajili ya mito ya Brazil, zikanunuliwa na Uingereza vita vilipoanza. Kila moja ilikuwa na mizinga miwili ya milimita 152.

Habari za njia zilikusanywa kutoka chini. Pieter Pretorius, mwindaji kutoka Afrika Kusini, aliingia deltani kwa siri pamoja na wasaidizi Waafrika, akapima kina cha mikono ya mto na nyakati za maji kujaa na kupwa. Ndege iliweza kuonyesha meli ilipo, lakini haikuweza kuonyesha kina cha maji.

Shambulio la 6 Julai 1915

Alfajiri ya tarehe 6 Julai 1915 monita zote mbili ziliingia katika mkono wa Kikunja chini ya uongozi wa nahodha Eric Fullerton wa Severn. Zilitia nanga takriban kilomita 10 kutoka Königsberg. Kati yao palikuwa na msitu mtupu, na hakuna upande uliouona mwingine.

Mpango wa Waingereza ulikuwa kama ifuatavyo. Ndege ingezunguka juu ya Königsberg. Mwangalizi angetazama kila kombora linapoanguka, kisha angetuma kwa redio, kwa msimbo wa Morse, alama fupi za kueleza kama limepita shabaha, halikufika, au limekwenda kushoto au kulia. Wapiga mizinga wangerekebisha na kupiga tena.

Siku hiyo mpango haukufaulu. Monita mbili zilipiga kwa wakati mmoja, na mwangalizi hakuweza kujua kombora gani limetoka meli gani. Marekebisho yaliyokusudiwa meli moja yaliweza kufuatwa na nyingine. Wajerumani nao walikuwa na waangalizi wao waliojificha karibu na mto, na makombora yao yalikuja karibu sana. Mzinga mmoja wa Mersey uliharibiwa na mabaharia kadhaa wakafa. Kituo kimoja cha waangalizi wa Kijerumani kilichokuwa juu ya mti kiligunduliwa kutoka Severn na kupigwa. Jioni monita zilirudi Mafia bila kumaliza kazi.

Shambulio la 11 Julai 1915

Siku tano baadaye Waingereza walirudi wakiwa wamebadilisha jambo moja kubwa: meli moja tu ingepiga kwa wakati mmoja. Severn ilitia nanga na kuanza kufyatua. Angani alikuwepo Cull katika ndege aina ya Henri Farman, na mwangalizi wake alikuwa H. J. Arnold.

Arnold alituma marekebisho moja baada ya jingine, na baada ya muda mfupi makombora yakaanza kuipata Königsberg. Wakati huohuo vipande vya kombora la Wajerumani viliipiga ndege na injini ikaharibika. Cull aliielekeza ndege kwenye monita huku ikishuka bila nguvu. Arnold aliwajulisha walio chini kwamba wamepigwa, lakini hakuacha kazi yake: aliendelea kutuma marekebisho hadi karibu na maji. Ndege ilianguka mtoni karibu na Mersey na kupinduka. Arnold alirushwa nje. Cull, aliyekuwa amefungwa mkanda, alijinasua chini ya maji. Mashua ya Mersey iliwaokoa wote wawili, na baadaye walitunukiwa nishani ya DSO.

Marekebisho ya mwisho yalikuwa yametosha. Severn sasa ilikuwa na kipimo sahihi na iliendelea kupiga. Königsberg ilishika moto, Looff alijeruhiwa, na alasiri hiyo aliamuru mabaharia waondoke na meli ilipuliwe ili isitekwe.

Matokeo

Mwisho wa meli haukuwa mwisho wa vita. Wajerumani walitoa mizinga yote 10 kutoka majini, wakaitengeneza Dar es Salaam na kuitumia nchi kavu. Mabaharia walijiunga na jeshi la Paul von Lettow-Vorbeck, ambalo liliendelea kupigana hadi Novemba 1918. Mmoja wa mizinga hiyo unaonekana leo Fort Jesus, Mombasa, na mwingine uko Pretoria, Afrika Kusini. Mabaki ya meli yalibaki mtoni kwa miaka mingi na polepole yakamezwa na matope.

Kwa wakazi wa Rufiji gharama ilizidi kupanda baada ya mapigano ya delta. Mizinga iliyotolewa mtoni ilihitaji kuvutwa, na majeshi ya pande zote mbili yalitegemea wapagazi Waafrika, ambao wengi sana walikufa kwa maradhi, njaa na uchovu katika miaka iliyofuata.

Umuhimu

Katika historia ya ndege, mapigano ya Rufiji yanakumbukwa kwa mambo matatu. Yalionyesha kwamba meli iliyofichwa isionekane kabisa kutoka baharini inaweza kupigwa ikiwa kuna mtu angani mwenye redio. Yalionyesha pia kwamba kuwepo kwa ndege peke yake hakutoshi: tarehe 6 Julai ndege zilikuwepo na shambulio likashindwa, na tarehe 11 Julai lilifaulu kwa sababu mawasiliano kati ya angani na chini yalipangwa vizuri zaidi. Tena yalionyesha kwamba chombo kilichotengenezwa kwa hali ya hewa ya Ulaya hakifai moja kwa moja kwa pwani ya tropiki.

Tazama pia

SMS Königsberg
Delta ya Rufiji
Mafia (kisiwa)
Nyamisati
Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia
Afrika ya Mashariki ya Kijerumani