Namba tisa chini ya Ndosho

Jioni ya Jumamosi, tarehe 22 Mei 2021, mlima wa volkano wa Nyiragongo ulilipuka, na lava ikaja kusimama Buhene, karibu na uwanja wa ndege wa mji wa Goma, mashariki mwa Kongo. Tarehe 27 gavana wa kijeshi aliamuru kata 10 za mji zihamwe. Barabara ya Sake ikafurika: magodoro juu ya chukudu za mbao, mabidoni ya maji, watoto mgongoni, wote wakipita kata ya Ndosho kuelekea magharibi. Ardhi ilikuwa haitulii usiku wala mchana, na kila ikitikisika watu waliulizana kwenye simu: tetemeko hili lilikuwa la ukubwa gani?

Jibu lilikuja kwa namba moja. Ukubwa wa tetemeko, kwa kipimo alichokianzisha Charles Richter mwaka 1935, ni skala: una kiasi, hauna upande. Ila aliyekuwa anafunga mizigo Ndosho alitaka kujua jambo jingine: huo moto wa chini unaelekea wapi?

Hapo inaingia vekta, yenye kiasi na upande. Kila kituo cha GPS kuzunguka volkano kilitoa namba tatu: ardhi imesogea kiasi gani kuelekea mashariki, kaskazini na juu. Matetemeko nayo yalihama kutoka mlimani kwenda kusini, yakapita chini ya mji mpaka chini ya Ziwa Kivu.

Lakini kwa yanayotokea ndani ya mwamba, vekta haitoshi: inahitajika tensa. Vitabu vya shule huanza na skala, kisha vekta, matriksi, na mwisho tensa. Historia haikufuata mpango huo. Mwaka 1822, huko Paris, Augustin-Louis Cauchy alikuwa anachunguza jinsi kitu kigumu kinavyobeba nguvu ndani yake. Maji yaliyotulia husukuma sawasawa pande zote, kwa hiyo namba moja inatosha. Jiwe halifanyi hivyo. Likate kwa fikra katika sehemu ileile, mara kwa kusimama, mara kwa kulala, mara kwa mshazari: kila uso unapokea nguvu yake na upande wake, huu unabanwa, ule unaburuzwa. Cauchy alionyesha kwamba namba tisa, yaani tatu kwa kila mojawapo ya nyuso tatu, zinakupa nguvu iliyo kwenye uso wowote utakaouchagua. Na kwa kuwa baadhi yake hulingana jozi kwa jozi, sita zinatosha.

Hiyo tayari ilikuwa tensa, kabla haijapewa jina. Skala na vekta zilipata majina kwa William Rowan Hamilton wa Dublin katika miaka ya 1840, matriksi kwa James Joseph Sylvester mwaka 1850. Tensa ilipata maana tunayoijua leo mwaka 1898, Woldemar Voigt alipokuwa akichunguza fuwele. Einstein akaitumia mwaka 1915 kueleza uvutano.

Wengi hukwama wanapoona tensa ya Cauchy imeandikwa kwa safu tatu na mistari mitatu, sawa kabisa na matriksi. Lakini matriksi ni jedwali lolote la namba: bei za maharagwe katika masoko matatu kwa siku tatu ni matriksi halali. Sasa zungusha ramani, mhimili wake uelekee kwenye kreta badala ya kaskazini. Bei za maharagwe zitabaki zilezile. Namba za tensa zitabadilika, tena kwa kanuni maalumu, kwa sababu mwamba wenyewe haujabadilika. Vekta hufuata kanuni ya namna hiyo, ila rahisi zaidi. Skala haiguswi kabisa. Kwa hiyo zote mbili ni tensa za daraja la chini.

Tangu miaka ya 1970 wataalamu huandika chanzo cha tetemeko kwa tensa ya namba sita, inayosema kama miamba imeteleza au imepanuka. Goma ilipanuka mashariki na magharibi, na nyufa zikakata mitaa kutoka kaskazini kwenda kusini. Utafiti uliochapishwa mwaka 2022 katika jarida la Nature ulieleza bamba la magma lenye urefu wa kilomita 25 hivi, lililofika takriban mita 450 tu kutoka juu ya ardhi.

Kituo kimoja hakiwezi kutoa namba hizo sita kwa uhakika. Vinatakiwa vingi, na data zifike kwa wakati. Miezi kabla ya mlipuko, Kituo cha Uchunguzi wa Volkano cha Goma kilikuwa hakina fedha za kulipia intaneti. Huduma hiyo ilirudi Aprili 2021.