Bugobogobo: jembe lilipanda jukwaani, chungu kikabaki shambani

Wadau, siku hizi msanii akichanganya chakula, ngoma na historia ya kwao katika onyesho moja tunamwita wa kisasa, na sisi waandishi tunamkimbilia na kamera. Sina ubaya naye. Ila huku Kanda ya Ziwa mambo hayo matatu yalikuwa kazi moja tangu enzi za babu zetu, na kazi hiyo ni bugobogobo.

Wengi tunaijua ya jukwaani. Vijana wamejipanga mstari, majembe yanarushwa na kudakwa, ngoma zinanguruma, makofi, basi. Lakini asili yake ni shambani. Mwenye shamba kubwa aliita kikundi, wakaja na ngoma zao, na majembe yote yakapanda na kushuka kwa pigo moja. Pamba iliposhamiri Usukumani baada ya Vita Kuu ya Pili, mashamba yalipanuka na vikundi hivyo vikapata kazi tele. Ni pamba hiyohiyo iliyozaa Victoria Federation of Co-operative Unions ya Paul Bomani mwaka 1955. Frank Gunderson, mtafiti wa muziki kutoka Marekani, alichapisha mwaka 2010 kitabu chenye nyimbo zaidi ya 300 za kazi za Wasukuma. Zaidi ya 300!

Sasa njoo kwenye malipo. Kikundi kililipwa fedha au mifugo, na kililishwa: ugali wa mtama au uwele enzi zile mahindi hayajatawala, nsansa (majani ya kunde yaliyokaushwa), mlenda, maziwa, pombe. Chakula hicho kilikuwa sehemu ya mapatano, tena mbele ya watu wanaojua kutunga nyimbo. Ungethubutu kuwapikia kidogo?

Baada ya uhuru jembe likapanda jukwaani. Vikundi vya Dar es Salaam viliicheza bugobogobo, nchi nzima ikaifahamu, na kwa hilo nashukuru. Lakini kilichobebwa ni jembe na ngoma tu. Mama aliyeamka alfajiri kusaga mtama kwa ajili ya watu arobaini hakupewa nafasi jukwaani, wala hatukumwita msanii.

Na chungu chake nacho kilikuwa kinabadilika. Sangara aliingizwa ziwani miaka ya 1950, akazaana mno miaka ya 1980, na aina nyingi za furu zikatoweka. Minofu ikapanda ndege kwenda Ulaya. Ngoma tuliihifadhi, mapishi tukayaacha yajitafutie.

Pale Bujora, Kisesa, Padri David Clement kutoka Kanada alianzisha makumbusho ya Wasukuma, na huko ndiko inakofanyika Bulabo kila Juni, pande za Bagika na Bagalu zikishindana kuvuta watu. Clement aliipachika Bulabo kwenye sikukuu ya Ekaristi, ambayo kiini chake ni mlo, nayo ikaangukia majira ambayo mavuno yameingia ghalani. Sidhani kama ilikuwa bahati tu.

Hata hivyo taarifa zetu za Bulabo huanza na chatu wa Bayeye na kuishia kwa mgeni rasmi. Juni nikitumwa tena, wachezaji watanisubiri kidogo. Nitaanzia nyuma, kwa kina mama wenye masufuria, niwaulize nsansa inaanikwa siku ngapi.