Mama Mchungaji: Ukurasa Usioandikwa

Vitabu vya usharika hutunza majina ya waliobatizwa, waliopata Kipaimara, waliofunga ndoa na waliozikwa. Hutunza pia majina ya wachungaji. Mke wa mchungaji hana safu yake humo. Mara nyingi hata jina lake husahaulika, akabaki kuitwa Mama Mchungaji.

Wamisionari wa Kijerumani walifika Dar es Salaam mwaka 1887. Kutoka hapo Injili ilipelekwa Uzaramo: kituo cha Kisarawe kilianzishwa mwaka 1892, na cha Maneromango mwaka 1895. Dutumi, ambayo leo ni kata ya Wilaya ya Kibaha, imo katika nchi hiyo ya Wazaramo.

Katika vijiji hivi nyumba ya mchungaji ilikuwa ya watu wote. Mchungaji alipokwenda kutembelea mitaa, mkewe ndiye aliyepokea wageni na wafiwa, huku akilima mihogo ili watoto wapate kula. Siri za wengi aliziweka moyoni. Za kwake hakuwa na wa kumwambia, kwa kuwa neno lake moja lingekuwa habari ya usharika mzima.

Mzigo mzito zaidi ulikuwa habari ya mwali. Binti wa Kizaramo alipovunja ungo aliwekwa ndani, akapewa mwana hiti na kufundwa. Mchungaji aliweza kulisemea jambo hilo mimbarini na kushuka. Mkewe alikutana nalo kisimani na shambani, mbele ya bibi na mashangazi, naye alikuwa na binti zake mwenyewe wa kuwalea.

Tena nyumba aliyoitunza ilikuwa mali ya usharika. Uhamisho ulipokuja aliacha shamba kabla ya mavuno. Mume alipofariki, alipaswa kutafuta pa kukaa. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inampa mwanamke haki sawa ya ardhi, lakini aliyehamishwa mara kwa mara huwa mgeni kila kijiji.

KKKT iliundwa mwaka 1963, na mwaka 1991 wanawake wa kwanza walibarikiwa kuwa wachungaji. Tangu hapo jina Mama Mchungaji lina maana mbili. Ile ya pili ina cheti na kumbukumbu. Ile ya kwanza ingali vinywani mwa wazee, nao wanapungua. Basi kila usharika unaoadhimisha miaka mia uwaulize sasa, na majina ya mama hao yaandikwe kitabuni.