Bingwa wa Kura na Bingwa wa Uwanja

Ushindi ni neno la uwanja, na kura ni neno la baraza. Mambo haya mawili yakichanganywa, aghalabu haki hupotea njia. Historia ya ubingwa wa mpira wa Kimarekani baina ya vyuo vikuu ni ushahidi wa jambo hili.

Vyuo vya Rutgers na Princeton vilipambana kwa mara ya kwanza mwaka 1869. Mchezo ukaenea, lakini vyuo vilikuwa vingi, nchi ilikuwa pana, na mpira wenyewe ni wa vishindo vizito. Timu iliweza kucheza mara 10 hivi tu kwa msimu. Timu bora ya kusini iliweza kumaliza msimu bila ya kuonana na ile ya magharibi. Basi bingwa akapatikana kwa kauli. Tangu 1936 shirika la habari la Associated Press lilikusanya kura za waandishi wa magazeti. Tangu 1950 shirika la United Press likakusanya kura za makocha. Wahenga walisema mwamba ngoma ngozi huivutia kwake, na wapiga kura nao walikuwa na kwao.

Mwaka 1966 ulifichua ubaya wa desturi hiyo. Notre Dame na Michigan State, zilizohesabiwa ya kwanza na ya pili, zilitoka sare 10 kwa 10. Katika dakika ya mwisho Notre Dame ilikuwa na mpira, lakini kocha Ara Parseghian aliona heri kulinda sare kuliko kujihatarisha kwa kutafuta ushindi. Kura ziliipa Notre Dame ubingwa. Alabama, ambayo haikushindwa wala haikutoka sare hata mara moja, iliwekwa ya tatu. Hivyo kura haikuchagua bingwa tu. Ilifundisha wachezaji kuogopa.

Mwaka 1998 kura zilichanganywa na hesabu za kompyuta ili timu 2 zikutane katika fainali. Msimu wa 2003 hesabu ziliiacha nje USC, iliyokuwa ya kwanza katika kura za waandishi na za makocha. LSU ilishinda fainali, waandishi wakaitawaza USC, na nchi moja ikawa na mabingwa wawili.

Mwaka 2014 ukaja mtoano wa timu 4, zilizochaguliwa na kamati ya watu 13. Ohio State, iliyoingia ya nne, ikatwaa ubingwa. Kwa kanuni ya zamani isingalipata hata nafasi ya kujaribu. Walakini mwaka 2023 Florida State ilishinda michezo 13 bila ya kushindwa, ikafungiwa mlango kwa kuwa mrushaji wake mkuu, Jordan Travis, alikuwa ameumia mguu. Vijana walihukumiwa kwa mchezo ambao hawajaucheza.

Msimu wa 2024 mlango ulipanuliwa kwa timu 12. Ohio State, iliyokwisha kushindwa mara 2, ilizishinda timu 4 mfululizo ikawa bingwa. Watu wengine walinung'unika kwamba thamani ya msimu usio na doa imepungua, na neno lao lina uzito. Kamati nayo ingali mlangoni, na wa 13 atalalamika. Lakini malalamiko ya wa 13 si sawa na ya yule ambaye hakushindwa na mtu. Kura haikuondoka; imesogezwa mbali na kiti cha bingwa, na umbali huo ndio haki yote iliyopatikana.