Zózimo Bulbul na Mabaki ya Mkanda

Brazili ilipokea karibu watumwa milioni 5 kutoka Afrika, wengi wao watu wa Kongo na Angola, na wengine waliovushwa kutoka pwani ya Msumbiji. Ilikuwa nchi ya mwisho katika mabara ya Amerika kufuta utumwa, mwaka 1888. Miaka 8 baadaye sinema ikaingia Rio de Janeiro, na kwa muda mrefu wazao wa watumwa hao walionekana humo kama wapishi, watumishi na wachekeshaji. Hata Grande Otelo, mwigizaji wa kipaji kikubwa ambaye filamu ya Moleque Tião (1943) ilitokana na maisha yake, aliishia kupendwa zaidi kwa vichekesho alivyocheza na mchekeshaji Oscarito.

Katika mazingira hayo alizaliwa Jorge da Silva, Rio, mwaka 1937. Sinema ilimjua kwa jina la Zózimo Bulbul. Aliingia mwaka 1962 kupitia Cinco Vezes Favela, filamu ya visa vitano iliyotengenezwa na vijana wa chama cha wanafunzi. Alicheza katika kisa cha Leon Hirszman, ambamo wavunja mawe wanatambua kwamba baruti yao itaporomosha vibanda vilivyo juu ya machimbo, na wakazi wa juu wanajitokeza ukingoni kuuzuia mlipuko. Huo ulikuwa mwanzo mwema. Miaka 2 baadaye jeshi likatwaa madaraka.

Mwaka 1969 sura yake ilikuwa imeshajulikana. Katika tamthilia ya televisheni Vidas em Conflito alikuwa mhusika mkuu, nafasi ambayo mwanamume mweusi hakuwa amepewa kabla yake, tena akicheza kama mpenzi wa mwigizaji Leila Diniz. Mwaka huohuo akacheza katika filamu ya Compasso de Espera ya Antunes Filho, akiwa mshairi anayefanya kazi ya matangazo ya biashara na kumpenda mwanamke wa kizungu. Mshairi huyu amesoma, anavaa vizuri, anaalikwa kwenye karamu za wakubwa, na hakuna hata kimoja kati ya hivyo kinachomkinga na ubaguzi. Serikali ya kijeshi ilikuwa ikihubiri kwamba Brazili haina ubaguzi wa rangi, na filamu ile haikufika kwenye kumbi mpaka mwaka 1973.

Hapo ndipo Zózimo alipofanya jambo ambalo, kwa maoni yangu, linazidi uzito majukumu yake yote ya uigizaji. Alichukua mabaki ya mkanda wa Compasso de Espera ambayo hayakutumika, akatengeneza filamu fupi Alma no Olho. Ni dakika 11 za rangi nyeusi na nyeupe. Hakuna neno linalosemwa. Yuko peke yake mbele ya ukuta mweupe huku muziki wa John Coltrane ukipigwa, na kwa mwili wake anasimulia uhuru wa Afrika, utekwaji, kazi ya shuruti, kisha maisha ya mjini yenye minyororo ya namna nyingine, mpaka anapoikata. Kwa mara ya kwanza hakungoja mtu amwandikie nafasi. Muda si mrefu akaondoka nchini, akaishi ughaibuni kwa miaka kadhaa.

Mwaka 1988, serikali ilipoadhimisha karne moja ya kufutwa kwa utumwa, alitoa Abolição, filamu ya saa mbili na nusu inayouliza ni uhuru gani hasa uliopatikana. Ndani yake wanazungumza wanaharakati weusi Abdias do Nascimento, Lélia Gonzalez na Beatriz Nascimento, na nyuma ya kamera alikusanya mafundi wengi weusi. Naona sehemu hiyo ya mwisho ina thamani sawa na maneno ya wahojiwa.

Mwaka 2007 alianzisha Centro Afro Carioca de Cinema mjini Rio, pamoja na tamasha la kuwakutanisha watengenezaji filamu weusi wa Brazili na wenzao wa Afrika. Kabla ya hapo alikuwa ameendelea kuigiza pia, ikiwemo katika filamu ya Filhas do Vento ya Joel Zito Araújo, na mwaka 2010 akatengeneza Renascimento Africano nchini Senegal. Alifariki Januari 2013. Tamasha lake sasa linabeba jina lake, na vijana wanaopeleka filamu huko hawaombi tena nafasi ya mpishi.