Pea si Pera

Pea na pera zinatenganishwa na herufi moja tu. Pera analijua kila mtoto aliyewahi kupanda mpera wa jirani: mbegu zake ndogo ni ngumu, ganda lake huliwa, na harufu yake hujaza chumba. Pea ni neno la pwani ambalo siku hizi ni nadra kulisikia sokoni, lakini kamusi bado zinalitunza, na maana yake ni parachichi. Kwa mlaji wa kibinadamu, kuchanganya mawili hayo ni jambo la kuchekwa mezani. Kwa simbilisi si mchezo. Pera ni miongoni mwa matunda bora unayoweza kumpa, na parachichi ni miongoni mwa machache ambayo hayafai kabisa kumkaribia.

Simbilisi ndiye nani? Hapo tayari tumo ndani ya mada. Neno hilo hutumiwa Nyanda za Juu Kusini za Tanzania, Iringa na Mbeya, kwa yule mnyama mdogo asiye na mkia unaoonekana, wa asili ya milima ya Andes huko Amerika Kusini, anayelia kwa mlio mwembamba kila asikiapo kisu kikigusa ubao wa kukatia mboga. Wapo wanaomwita pimbi, na hilo ni kosa, kwa sababu pimbi ana wenyewe: ni mnyama wa majabalini, na wataalamu wanamweka karibu na tembo kuliko panya. Wapo wanaolitafsiri jina lake la Kiingereza neno kwa neno kuwa nguruwe wa Guinea, ilhali si nguruwe wala hakutoka Guinea. Wafaransa nao wana jina linalomfanya nguruwe wa India. Wazungu walikuwa na mazoea hayo, kila kilichoshuka melini hubandikwa jina la nchi ya mbali iliyomjia mtu kichwani. Linnaeus naye, alipompa jina la kisayansi mwaka 1758, aliweka neno la Kilatini lenye maana ya nguruwe mdogo, na hadi leo bado limo.

Sasa njoo Mulungwishi, huko Katanga nchini Kongo, kituo cha misheni kilicho kando ya barabara itokayo Likasi kwenda Kolwezi, kabla hujafika Fungurume. Wamethodisti walijenga hapo Institut Springer, iliyopewa jina la John Springer, mmisionari wa Kimarekani aliyechaguliwa kuwa askofu mwaka 1936, na leo pana Chuo Kikuu cha Kimethodisti cha Katanga. Kiswahili cha huko ni kile cha Katanga, kilichokomaa katika kambi za wafanyakazi wa Union Minière, kampuni ya madini iliyoundwa mwaka 1906, kikila Kifaransa cha shule mkono mmoja na Kisanga, Kiluba na Kibemba mkono wa pili. Hata mji wa Likasi wenyewe umeonja kubadilishwa jina: hadi mwaka 1966 uliitwa Jadotville. Basi mtu wa huko akimtaja mnyama wetu, neno lililo karibu ni lile la darasani, cobaye, na ulimi wa Kiswahili hulimalizia kuwa kobaye. Ukimwambia simbilisi, anaweza kudhani unamzungumzia simbiliki, ambaye kwa Wakongo wengi ni yule panya mkubwa wa mwituni anayewindwa kwa nyama, ambaye kamusi za pwani humwita ndezi.

Mpenda maneno angefurahia tu fujo hii na kwenda zake. Mimi naiona kama suala la afya, na sababu iko ndani ya mwili wa mnyama mwenyewe. Simbilisi, kama binadamu, hawezi kujitengenezea vitamini C. Sungura anaweza. Kwa hiyo mtu akimweka simbilisi katika kundi la sungura kwa jina, atamweka huko kwa chakula pia: atanunua chakula cha sungura, ambacho hakikuongezewa vitamini hiyo kwa kuwa sungura haihitaji, na baada ya wiki chache mnyama anaanza kuchechemea. Manyoya yanakuwa makavu, maungio yanavimba, ufizi unatoa damu, hataki kusogea. Ugonjwa huo Kiswahili kina jina lake la zamani, kiseyeye, na ni ule ule uliowaua mabaharia wa safari ndefu.

Na ni simbilisi aliyetufundisha chanzo chake. Mwaka 1907 Wanorwe wawili, Axel Holst na Theodor Frølich, walikuwa wakitafiti beriberi iliyowapata mabaharia. Walimlisha simbilisi nafaka wakitarajia beriberi, kikaja kiseyeye. Wakampa kabichi au maji ya limau, akapona. Wangemtumia panya wa kawaida, ambaye hujitengenezea vitamini C, wasingeona kitu. Katika Kifaransa mtu anayefanyiwa majaribio huitwa cobaye hadi leo, na ndiyo maana mwanafunzi wa Likasi anayesoma magazeti ya Kinshasa hukutana na neno hilo katika habari za chanjo mara nyingi kuliko katika habari za ufugaji.

Kwa hesabu za waganga wa mifugo, simbilisi mzima huhitaji miligramu 10 hadi 30 za vitamini C kwa kila kilo ya mwili wake kila siku. Pera lina zaidi ya miligramu 200 katika gramu 100, chungwa lina kama 50, papai kama 60, ndizi haifiki 10, na tufaha, tunda ambalo picha za vitabu vya Ulaya hupenda kumchorea, lina kama 5 tu. Maana yake, gramu 10 za pera, kipande cha ukubwa wa kidole gumba, kinaweza kumtosha simbilisi wa kilo moja kwa siku nzima. Kwa tufaha angehitaji karibu nusu ya uzito wake. Wafugaji wengi huanza na ndizi kwa sababu ni rahisi na mnyama huipenda, lakini hiyo ni sukari zaidi kuliko dawa.

Turudi kwenye majina. Parachichi huitwa hivyo Tanzania. Kenya wengi husema avokado. Kongo ni avoka, moja kwa moja kutoka Kifaransa. Kamusi za zamani zinaongeza pea, na zinaongeza pia embe mafuta, jina zuri kwa sikio na baya kwa mfugaji, kwa sababu embe la kweli, kipande kidogo kisicho na kokwa, halimdhuru simbilisi. Parachichi lina kemikali iitwayo persini, iliyo katika majani, ganda na kokwa, na kiasi fulani katika nyama ya tunda. Binadamu haimsumbui, lakini kwa sungura, mbuzi, farasi na ndege imethibitika kuharibu misuli ya moyo, na simbilisi huwekwa katika orodha hiyo hiyo ya wasiotakiwa kujaribiwa. Mtu akiandika Dar es Salaam, “usimpe parachichi,” na karatasi hiyo ikafika Mulungwishi mikononi mwa mtoto ambaye maisha yake yote amelijua kama avoka, onyo limepotea njiani. Mtoto hakukosea kusoma. Mwandishi ndiye aliyekosea kuandika jina moja.

Kesi ya pilipili ni mbaya zaidi, maana hapo jina halikupotea bali limegeuka. Pilipili tamu ya kijani au nyekundu, ile kubwa isiyowasha, ni chakula bora cha simbilisi kupita karibu matunda yote: vitamini C tele, sukari kidogo. (Nayo kwa mtaalamu wa mimea ni tunda, ingawa hakuna mpishi wa Kiswahili atakayekubali kuiweka sahani moja na papai. Albert Szent-Györgyi, Mhungaria aliyepewa Tuzo ya Nobel mwaka 1937, alipata vitamini C kwa wingi kutoka pilipili za namna hiyo za mji wa Szeged, na ni simbilisi aliowatumia kuthibitisha kwamba inazuia kiseyeye.) Bara la Tanzania pilipili hiyo huitwa hoho. Lakini fungua kamusi za zamani zilizoegemea Kiswahili cha Unguja: pilipili hoho ni ile inayowasha, na tamu ni pilipili mboga, au pilipili boga kwa wengine. Kongo, pilipili peke yake ni ya kuwasha, na tamu watu huitaja kwa Kifaransa, poivron. Kwa hiyo sentensi moja, “mpe kipande cha pilipili hoho kila siku,” ni ushauri mwema Morogoro na ni ukatili kwa anayesoma na kamusi ya babu yake mkononi. Sipendi sana kuongeza maneno kwenye sentensi, lakini hapa lazima: iandikwe “pilipili tamu isiyowasha”, na kila mtu ataelewa.

Kuna neno jingine linalohitaji kuchunguzwa, dogo na la kila siku: bichi. Tunda bichi ni tunda lisiloiva, lakini nyasi mbichi ni nyasi zilizokatwa sasa hivi, zenye maji yake, na nyama mbichi ni ile isiyopikwa. Mtu anayetaka kusema kwamba tunda liwe limechumwa karibuni, lisiwe limelala wala kupikwa wala kukaushwa, akisema tu “tunda bichi”, msomaji atamtafutia simbilisi embe la kijani lenye utomvu. Afadhali kusema tunda lililoiva na lisilonyauka. Na lisiwe limekatwa asubuhi likaachwa juani hadi jioni, kwa kuwa vitamini C hupungua kwa hewa, joto na mwanga. Vivyo hivyo ile ya matone inayowekwa katika maji ya kunywa haitegemeki.

Nyasi nazo: Katanga wengi huziita majani tu. Pwani, majani yanaweza kuwa ya mti wowote, na Kenya ukimtuma mtoto dukani majani anarudi na chai. Ilhali nyasi, mbichi au kavu, ndizo chakula chenyewe cha simbilisi. Meno yake hayaachi kukua na huhitaji kusagwa kwa nyuzinyuzi kila siku, na utumbo wake wa nyuma huchachusha nyasi kwa msaada wa vijidudu ambavyo sukari nyingi huvivuruga. Kutapika hawezi. Akishiba embe, yanayofuata ni kuharisha na tumbo kujaa gesi, na simbilisi aliyejaa gesi anaweza kufa ndani ya siku moja.

Hapa majira ya Katanga yanaingia. Mvua huanza Oktoba au Novemba na kukoma karibu na Aprili. Maembe huiva katikati ya mvua, pamoja na masuku ya porini, ambayo Tanzania huitwa makusu, silabi zilezile zimebadilishana viti. Wakati huo nyasi ni tele na mnyama hana upungufu wowote, lakini ndipo watoto humjazia maganda ya embe kwa kuwa yamejaa uani. Kuanzia Mei hadi Septemba nyasi zimekauka, moto wa porini umepita, na kilichobaki jikoni ni pumba za mahindi. Hapo ndipo kipande cha pera, papai au pilipili tamu kina kazi, na hapo ndipo hakuna anayekikumbuka. Tunda hutolewa linapokuwa jingi, si linapohitajika. Nyongeza kwa wakazi wa Likasi: nyasi zisikatwe kando ya barabara ya malori ya madini, na tunda lililonunuliwa barabarani lioshwe kwanza, kwa sababu vumbi la shaba na kobalti halichagui linapotua.

Jikoni kuna jina moja zaidi la kuangalia. Sombe ya Kongo ndiyo kisamvu cha Tanzania, na kwa majina yote mawili ina sianidi ikiwa mbichi. Sisi huitwanga na kuichemsha muda mrefu ndipo tuile. Mabaki mabichi ya sombe yasimwagwe kwenye banda. Mbegu za tufaha nazo zitolewe, kwa sababu hiyo hiyo.

Nimebakiza kitenzi. Tunasema kulisha matunda, na kitenzi hicho ndicho kinachojaza bakuli. Kiswahili kina kulisha na kina kuonjesha, na kila mama anayeanza kumpa mtoto uji anajua tofauti yake. Simbilisi hulishwa nyasi. Pilipili tamu isiyowasha hupewa kila siku kwa kipande. Tunda tamu huonjeshwa, kipande cha ncha ya kidole, mara moja au mbili kwa wiki, na lililobaki huondolewa kabla halijachacha.

Basi ombi langu ni kwa wanaoandika vijitabu vya ufugaji, walimu wa shule za kilimo na watangazaji wa redio, wa Bukavu, Likasi, Mbeya au Mombasa. Orodha ya matunda mkiitoa, andikeni majina yote katika mstari mmoja: parachichi, avoka, avokado, pea, lisipewe. Pera, goyave, lipewe kidogo. Simbilisi, kobaye, ni mnyama mmoja, wala si sungura. Wino utaongezeka kidogo, na gharama hiyo inabebeka.