Overlithe: sikukuu ya Mahobiti isiyo na jina la siku

Overlithe ni sikukuu ya kubuni. Imo katika riwaya ya The Lord of the Rings ya J.R.R. Tolkien, aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892, na baadaye akawa profesa wa Chuo Kikuu cha Oxford, Uingereza. Wanaoisherehekea ni Mahobiti, watu wafupi wenye miguu ya manyoya, wakulima wanaopenda kula, wanaoishi nchi iitwayo Shire. Kalenda yao imeelezwa mwishoni mwa kitabu cha tatu, kilichotoka mwaka 1955. Tumeichagua kwa sababu hesabu yake ni ya kweli, na inamhusu kila anayepanda kwa kufuata tarehe.

Dunia hulizunguka jua kwa siku 365 na karibu saa sita. Saa hizo sita ndizo zenye taabu. Usipozihesabu, kalenda inaachana na jua kwa siku moja kila miaka minne, na kwa siku 24 hivi kila miaka 100. Mtu akiambiwa na babu yake apande tarehe fulani, wajukuu wake watakuta tarehe ileile imefika na mvua bado haijakaribia.

Mahobiti wamelipanga jambo hili hivi. Miezi yote 12 ina siku 30, jumla 360. Zinabaki siku tano zisizo za mwezi wowote. Mbili huitwa Yule: moja hufunga mwaka, ya pili hufungua mwaka mpya. Tatu hukaa baada ya mwezi wa sita: Lithe ya kwanza, Siku ya Nusu Mwaka, na Lithe ya pili. Kila mwaka wa nne huongezwa siku moja mara baada ya Siku ya Nusu Mwaka. Hiyo ndiyo Overlithe, na ni siku ya karamu kubwa kuliko kawaida. Sisi siku yetu ya nyongeza, tarehe 29 Februari, tunaipitisha kimyakimya.

Wana ujanja mwingine. Gawanya 365 kwa 7: utapata majuma 52 na siku moja ya ziada. Siku hiyo moja ndiyo iliyofanya tarehe 9 Desemba, Uhuru wa Tanzania Bara, iwe Jumatatu mwaka 2024 na Jumanne mwaka 2025. Mahobiti waliamua kwamba Siku ya Nusu Mwaka na Overlithe zisiwe na jina la siku ya juma. Lithe ya kwanza ni Ijumaa. Kesho yake si Jumamosi, ni Siku ya Nusu Mwaka tu. Mwaka ukiwa mrefu inafuata Overlithe, na ndipo Jumamosi inapofika. Kwa hiyo kila tarehe inabaki na siku yake ileile daima, na kalenda moja ya ukutani ingetosha maisha yote.

Juma lao, kama letu, linaanza Jumamosi, na Ijumaa ndiyo siku kuu. Mwingereza anayesoma kitabu hiki hulazimika kuelezwa mpangilio huo. Msomaji wa Kiswahili hahitaji, kwani neno Jumamosi lenyewe linasema ni siku ya kwanza.

Mwezi wa siku 30 una majuma manne na siku mbili, hivyo kila mwezi huanza siku mbili mbele: Jumapili, Jumanne, Alhamisi, Jumamosi, Jumatatu, Jumatano. Ungetarajia mwezi wa saba uanze Ijumaa, lakini hapo siku za Lithe zinaingia kati na hesabu inarudi Jumapili. Ndiyo maana Mahobiti hutania kwamba jambo lisilowezekana litatokea Ijumaa tarehe mosi.

Katika dunia yetu wazo hili limejaribiwa. Mwaka 1930 Elisabeth Achelis wa Marekani alianza kuipigia debe Kalenda ya Dunia, yenye siku zisizo na jina. Ilifika hadi Umoja wa Mataifa, ikakwama. Viongozi wa dini waliipinga, na tunaona walikuwa na hoja: siku moja isiyo na jina ikiingia, mzunguko wa siku saba unakatika, na Ijumaa ya swala, Sabato ya Jumamosi na ibada ya Jumapili zote zinahama.

Pwani yetu nayo ina hesabu inayofanana. Mwaka wa Nairuzi, unaosherehekewa Makunduchi, Zanzibar, kwa Mwaka Kogwa, huhesabiwa kwa miongo, yaani makumi ya siku: miongo 36 na siku tano juu yake, jumla 365. Tofauti ni kwamba hauna Overlithe. Hesabu hiyo ikifuatwa bila nyongeza, Nairuzi hurudi nyuma siku moja kila miaka minne ikilinganishwa na kalenda ya ofisini. Waethiopia huongeza: mwezi wao wa 13, Pagume, una siku tano, na mwaka mrefu siku sita.

Overlithe iliyovuma kuliko zote katika kitabu ni ya mwaka 1420 wa Shire, uliokuwa na mavuno makubwa mara baada ya vita. Mwaka wa mwisho wa kila karne Mahobiti hawaisherehekei, kwa sababu saa zile sita ni pungufu kwa dakika 11 hivi. Sisi pia tutaiacha siku yetu ya nyongeza mwaka 2100.